Tafi Asiye na Miiba

Afisi aliyoajiriwa mjukuu wangu Swafia kuchora samaki iko Kilindini, orofa ya tatu, na madirisha yake hayaoni bahari. Yanaona Shimanzi: magodauni, makontena yaliyopandana, na malori yaliyojipanga toka alfajiri yakipigiana honi. Nilipomuuliza kwa nini watu wa bahari wasikae penye bahari, akanambia walipewa wachague, wakaona upande wa bahari una upepo wa chumvi unaoharibu kompyuta. Basi wakaichagua Shimanzi, wakafunga madirisha, wakawasha viyoyozi, wakaanza kuandika kitabu cha viumbe wa bahari ya Mombasa kwa ajili ya watoto wa shule.

Kitabu kilitakiwa kiwe na picha arubaini, na Swafia ndiye mchoraji wa zote. Mkono wake ameurithi kwangu, nalisema hili bila kujivuna kwa sababu umenipita. Mimi napaka maharusi hina, na huyu msichana amekua akinikorogea hina yenyewe, akinichujia kwa kitambaa cha buibui ili isiwe na hata chembe ya kijiti. Akivuta mstari, mstari hautafuti njia. Wajua unakokwenda.

Lakini hina, hata ikikolea vipi, baada ya siku kumi haipo. Nimepaka maharusi wa Kibokoni, wa Kuze, wa Mkanyageni, wengine sasa wana wajukuu, na hapana popote utakapoona jina langu chini ya ua nililolichora. Sikuwahi kulalamika. Ila siku Swafia aliyokuja na barua ya kazi, akanisomea kwamba chini ya kila picha kutapigwa chapa "Mchoraji: Swafia Mbwana," niliweka chini mchele niliokuwa nikiuchagua, nikamwambia, "Hebu rudia hapo." Akarudia. Nikamwambia tena, "Rudia." Akarudia mara tatu, masikini, hakuchoka.

Sharti lilikuwa moja. Kila picha ipate sahihi mbili, ya sayansi na ya sanaa. Ikikosa moja, haichapwi.

Sahihi ya sayansi ilikuwa kwa Dakta Nicanor, mkubwa wa afisi. Mtu wa bara, mpole, mwenye adabu zake, na shahada tatu ukutani zilizopangwa kama ngazi. Samaki alimjua kwa hesabu. Samaki akiletwa mezani, Dakta huvaa glavu, huvaa barakoa, humpima kwa rula kutoka mdomo mpaka mkia, kisha hushika kioo cha kukuza na kuhesabu magamba. Tatizo lake lilikuwa harufu. Akifika gamba la arubaini hivi, hushindwa, hutoka ukumbini kuvuta pumzi, na akirudi hajui aliishia wapi, huanza moja. Pono mmoja alimchukua siku nne, na siku ya nne hata malori ya Shimanzi nadhani yalimsikia huyo pono.

Sahihi ya sanaa ilikuwa kwa Bwana Arnold, mshauri aliyeletwa kutoka Nairobi, miwani juu ya kichwa daima, sijui kichwa chake kilikuwa kinatazama nini. Yeye alitaka samaki wawe na hisia. Chewa alitaka atabasamu. Ngisi alitaka awe na kope.

"Ngisi hana kope," akasema Dakta.

"Watoto wanazo," akajibu Arnold. "Lazima wajione ndani yake."

Pweza aliwagombanisha wiki nzima. Arnold alisema mikono minane ni mingi mno kwa ukurasa mmoja, macho ya mtoto yatachoka, sita yatosha. Dakta akasema pweza wa mikono sita hajazaliwa. Swafia akawaacha wakigombana, akachora jiwe, akampandisha pweza juu ya jiwe, mikono miwili ikapita nyuma yake. Arnold akahesabu sita, akatia sahihi. Dakta akahesabu sita, akakataa, mpaka Swafia akamwandikia barua rasmi: "Nathibitisha kwamba mikono miwili iliyobaki iko nyuma ya jiwe." Dakta akaitia barua kwenye faili, akatia sahihi.

Ndivyo picha thelathini na tisa zilivyopita. Ya arubaini ilikuwa ya tafi, na hapo sasa niingie mimi, maana balaa la tafi lilianzia kwenye kikapu changu.

Tafi ni samaki wa kila siku. Kidomo kidogo kama cha sungura, ngozi laini ya madoadoa, tumboni majani matupu ya bahari. Mtamu wa kupaka nazi, mtamu wa kukaanga. Lakini mgongoni ana miiba kumi na mitatu, chini ya tumbo saba, na mingine minne kwenye mapezi ya chini ya kifua, na yote ina sumu. Haui, ila akikudunga utamwita mama yako hata kama ni marehemu. Miaka kumi na miwili nyuma alinidunga kidole cha shahada nikimwosha, siku mbili kabla ya harusi ya binti wa jirani. Kidole kikavimba kama muhogo. Bi harusi akapelekwa kwa Mejumaa wa mtaa wa pili, ambaye maua yake yote hutoka kama kabeji. Mwiba uliniuma siku moja. Zile kabeji, kila nilipoletewa picha za ile harusi, ziliniuma upya.

Habari ikamfikia Masha. Huyu ni mtu wa Kaloleni, mkata samaki pale soko la samaki la Mji wa Kale, mcheshi, mwenye mkasi uliokwisha kuwa mweusi kwa kazi. Akaapa mbele ya wateja. "Bi Mwanarusi, huo mkono ni wa maharusi. Tafi wa nyumba yako hatatoka hapa na mwiba hata mmoja." Na hakuvunja kiapo. Akikiona kikapu changu, kabla hatujamaliza kuulizana hali, mkasi umeshapita: krat, krat, krat, mgongo wote, kisha tumbo. Sikumwomba. Ni heshima yake kwangu. Tena Masha ana shoto, mkasi huushika kwa mkono wa kushoto, na ukimtazama akikata utadhani samaki ndiye amelazwa kinyume.

Swafia wakati huo alikuwa na miaka kumi na mmoja. Tangu hapo hakumwona tafi mwenye miiba, si jikoni wala sahanini. Na sokoni angekwenda kutafuta nini, na mimi nipo?

Basi Dakta alipotaka sampuli ya tafi, Swafia akaniagiza. "Nyanya, ninunulie tafi, lakini asipasuliwe, asiparuliwe. Wamtaka mzima."

Nikamwambia Masha, "Wamtaka mzima."

"Mzima kabisa, mama," akasema Masha, akakata miiba, akanifungia. Kwake yeye mzima maana yake ni aliye na matumbo yake. Nami sikuona kitu. Tafi asiye na miiba kwangu ni kama mtu aliyevaa viatu, nani hushtuka?

Haya yafuatayo alinisimulia Swafia.

Dakta Nicanor alimpima tafi, akafungua kitabu chake kikubwa, akarudi kwa tafi, akarudi kitabuni. Kitabu kilisema miiba kumi na mitatu. Mezani hapana hata mmoja. Akaamuru aletwe tafi mwengine. Nikaenda kwa Masha. Akaamuru wa tatu, siku nyengine. Nikaenda kwa Masha. Watatu wote sawa. Siku hiyo Dakta hakutoka nje kuvuta pumzi. Alifunga mlango, akavua barakoa, akasema kwa sauti ndogo:

"Swafia, kitabu hakiwezi kukosea. Na meza haiwezi kukosea. Umeelewa maana yake?"

"Sijaelewa, Dakta."

"Huyu ni mpya. Hajawahi kuandikwa duniani."

Na jina alikuwa nalo tayari, la Kilatini, na mwisho wa hilo jina mlikuwa na Nicanor.

Bwana Arnold alipoitwa, alifurahi kupita Dakta. Tafi wa miiba hakumpenda tangu zamani, alisema ana sura ya ugomvi. "Huyu sasa ndiye samaki wa Mombasa! Mpole, hana silaha, anakaribisha wageni. Huyu awe kwenye jalada."

Swafia alikuwa amekwisha kumchora. Amechora alichokiona, kwa sababu ndivyo nilivyomfunza: usichore ua la jana, chora lililo mbele yako. Na mbele yake, mgongoni pa tafi, palikuwa na vikonyo kumi na vitatu, kila kimoja kama kichwa cha punje ya mchele. Akavichora vyote.

Dakta akavitazama kwa kioo. "Hivi ni vijipele tu. Uchafu wa sampuli. Vifute."

Arnold akavitazama bila kioo. "Vinaharibu mgongo. Vifute."

Kwa mara ya kwanza tangu afisi ile ifunguliwe, sayansi na sanaa zikakubaliana, hata wakapeana mikono. Wakamwambia Swafia afute vikonyo, alete picha Alhamisi asubuhi, maana mpiga chapa yuangoja na Jumamosi kitabu chazinduliwa Mama Ngina, pale kando ya bahari, mbele ya wageni. Akifanya hivyo, jina lake halitakuwa ndani tu, litapanda mpaka kwenye jalada. Asipofanya, tafi atapewa mchoraji mwengine, na chini ya picha zote arubaini kutaandikwa "Mchoraji: Afisi."

Jumatano baada ya alasiri nilikuwa nimekaa dirishani nikitoa vijiti kwenye majani ya hina. Swafia akaja na karatasi na raba mkononi, akakaa chini karibu na miguu yangu.

"Nyanya, hebu nitazamie mgongo huu. Wanambia nifute hivi vidude. Mkono wakataa."

Nikavaa miwani. Nikasogeza karatasi penye mwanga. Nilitazama kwanza mstari, kama kawaida yangu. Mstari ulikuwa mzuri, mashallah. Kisha nikatazama vidude. Kila kikonyo kilikuwa kimelala mshazari, kirefu upande wa mkia, kifupi upande wa kichwa, vyote kumi na vitatu, kama maandiko ya mtu mmoja. Nikaijua ile hati.

"Masha," nikasema.

"Masha nani?"

"Masha wa sokoni. Huu ni mkasi wake, mwanangu. Mtu wa mkono wa kulia mshazari wake huenda huku. Huu waenda kule."

Swafia alinitazama kama mtu anayengoja nicheke. Nikamweleza: miiba, kidole, harusi, kiapo, krat krat. Kabeji za Mejumaa pia nikazitaja, ingawa hazikuhusu. Msichana akashika shavu.

"Nyanya! Miaka kumi na miwili! Mbona hukunambia kama tafi ana miiba?"

"Wewe uliniuliza?"

"Mtu aulizaje kitu asichojua kama kipo?"

Nikaendelea na vijiti vyangu. Na yeye akaitazama picha muda mrefu, na raba akaigeuza vidoleni. Nilijua anachokipima. Akifuta, jina lake laenda kwenye jalada, lakini chini ya samaki ambaye hayupo, na kila mwanamke wa Mombasa mwenye jiko atacheka akimwona. Na huenda mtoto wa shule akamshika tafi wa kweli kwa kuamini kitabu. Asipofuta, hapana jina popote, miezi saba ya macho yake yaenda kwa "Afisi." Sikumwambia afanye lipi. Nimepaka hina maharusi waliokuwa wakilia, na hata mmoja sikumwambia olewa au usiolewe. Nilishika mguu nikapaka.

Mwisho akaichukua ile raba, akaitia mfukoni mwa dera langu.

"Kaa nayo wewe," akasema.

Alhamisi asubuhi tukaenda Kilindini watu watatu, Swafia na karatasi yake, mimi na buibui langu, na Masha na ndoo. Ndani ya ndoo, katika barafu, mlikuwa na tafi ambaye Masha alimchukua kwa wavuvi mwenyewe na kuapa, safari hii kwa uchungu, kwamba hatamgusa. "Naona vibaya, mama," alinambia kwenye ngazi. "Kumpeleka hivi na miiba yake mbele za watu, ni kama kumpeleka mtu hajanyolewa."

Dakta Nicanor alinipokea kwa heshima zote. "Shikamoo, mama. Karibu kiti." Akaniletea chai mwenyewe. Arnold alikuwapo, miwani juu ya kichwa.

Swafia akasimama akaeleza. Alieleza vizuri, moja baada ya jengine. Dakta akamsikiliza mpaka mwisho, akakunja mikono.

"Swafia, hayo ni maneno ya mdomo. Sayansi haiandiki maneno ya mdomo. Nani amethibitisha?"

"Nyanya yangu."

Akanigeukia kwa upole. "Mama, samahani kukuuliza. Umesomea wapi viumbe wa bahari?"

"Darasa la saba, mwanangu," nikamjibu. "Lakini viumbe wenyewe nimewasomea jikoni."

Arnold akacheka, Dakta hakucheka. Masha akaona zamu yake imefika, akatia mkono ndani ya ndoo kwa uangalifu, akamweka tafi mezani juu ya sinia la bati, mgongo juu, miiba imesimama. Kumi na mitatu. Dakta akachukua kioo, akahesabu, wala pumzi haikumshinda. Nikadhani yamekwisha.

"Naam," akasema. "Huyu ni yule wa kawaida. Wa kitabuni. Wetu ni mwengine."

"Wenu mwamtoa wapi, Daktari?" Masha akauliza.

"Bahari ya Mombasa."

"Bahari gani tena? Wenu mwamtoa kwangu."

"Hilo halijathibitishwa."

Masha akanitazama. Nikamwambia, "Mthibitishie." Akatoa mkasi mfuko wa nyuma, akaupangusa kwenye shati, akaushika kwa mkono wa kushoto.

Krat.

Sasa Dakta Nicanor ana tabia moja, hawezi kuona kitu kikihesabika akaacha kukihesabu. Midomo ikaanza kwenda yenyewe. Krat, mbili. Krat, tatu. Nilimwona akijizuia kwenye tano akashindwa. Arnold naye akaingia kwenye saba, kwa sauti kabisa. Kumi na tatu wakaifikia pamoja. Masha akamsogeza tafi kando ya picha ya Swafia. Kikonyo kwa kikonyo, mshazari kwa mshazari, kama mtu na kivuli chake.

"Haya, Daktari," akasema Masha. "Wa kitabuni ametoka, wenu ameingia."

Dakta akaweka kioo chini. Uso wake ulinitia huruma, wallahi. Nilimwona akilitazama lile jina la Kilatini likienda zake. Na Masha, ambaye akianza kumkata tafi hajui kuishia nusu, akamgeuza samaki ili amalizie tumbo.

"Wacha!" akapiga kelele Dakta. "Unaharibu sampuli!" Akamrukia, akamkamata tafi kwa chini, kwa mkono mtupu, pale penye ile saba.

Siwezi kuuandika ukelele alioutoa, ulikuwa wa lugha ya kwao. Tafi akaanguka, sinia likalia, Arnold akapanda juu ya kiti.

"Huyo sasa ni wa kawaida au ni mpya?" Masha akauliza.

"Masha, adabu!" nikamwambia, lakini nilikuwa nimeziba mdomo na buibui.

Kudungwa na tafi dawa yake ni maji ya moto, moto ule wa kuvumilika, si wa kuchemka. Nikamtuma Swafia kwenye birika la chai, nikachanganya maji kwenye beseni la kuoshea vifaa, nikayapima kwa kiwiko kama ya kumwogeshea mtoto, nikautia mkono wa Dakta ndani. "Usiutoe mpaka nikwambie," nikamwambia. "Wauma, wauma, kisha waacha. Wewe umenifanya nini hata nisikupe dawa?" Machozi yalikuwa yakimtoka hivi hivi, hajali nani amwona. Arnold akashuka kitini, akatoa simu yake. "Dakta, kaa hivyo hivyo, mwanga ni mzuri." Dakta akamtazama jicho ambalo sikudhani analo.

Katikati ya hayo simu ya mezani ikalia. Mpiga chapa. Picha ya arubaini iko wapi, mashine inangoja, saa moja tu.

Swafia akavuta kiti, akaiweka karatasi mbele yake, akafungua wino. Kwa sababu hakufuta, kila kikonyo kilikuwa mahali pake, na kutoka kila kikonyo akavuta mwiba wake. Angevifuta asingejua pa kuanzia. Mwiba wa kwanza mfupi, unaolalia mbele. Wa pili mrefu. Masha akimwokotea vipande vilivyokatwa, akimpangia mezani kwa mpangilio wake, huyu wa tatu, huyu wa nne, ili aone urefu.

Dakta, mkono ndani ya beseni, akasogeza kiti kwa miguu mpaka akawa nyuma ya bega la Swafia.

"Huo wa tano," akasema, pua ikiwa imeziba, "ni mkali zaidi ya hivyo."

Swafia akaunoa.

"Zaidi."

Akaunoa.

"Na hii ya chini... hii ya chini, Swafia, itilie nguvu. Iwe..." Akatazama beseni. "Iwe kama ilivyo."

Tangu aanze kuzitilia sahihi picha za Swafia, hakuwahi kuitazama hata moja hivyo, bila rula. Arnold naye akasogea, miwani akaishusha usoni kwa mara ya kwanza tangu nimjue, akanyosha kidole kugusa mwiba wa wino, akakirudisha haraka.

"Huyu," akasema, "ana hisia."

Akatia sahihi. Dakta alitia yake kwa mkono wa kushoto, kwa kuwa wa kulia sikuuruhusu utoke, na ile sahihi ikatoka mshazari, imelalia upande ule ule wa mkasi wa Masha. Kisha Swafia akageuza kalamu, na chini, kwa herufi ndogo alizozoea kunisaidia kuandika kwenye viganja vya maharusi, akaandika jina lake yeye mwenyewe. Hapana aliyemkataza. Jalada wakampa pweza, kwa kuwa tafi si mpya tena, wala hatukulijali.

Jumamosi Mama Ngina kulijaa watu, wauza viazi karai, wauza madafu, watoto wa shule wamepangwa mistari juani. Dakta Nicanor alihutubia na kidole kimefungwa bendeji nyeupe kubwa, akasema kwamba katika kitabu hiki wapo watafiti waliojitolea hata miili yao. Watu wakampigia makofi. Nikapiga na mimi. Alikuwa amesema kweli.

Kitabu ninacho hapa. Ukurasa wa mwisho ni wa tafi, na miiba yake yote. Sayansi lakini haikubali kushindwa bure, na chini kabisa Dakta ametia maelezo kwa herufi ndogo: "Tafi asiye na miiba huonekana pia, katika soko la samaki la Mji wa Kale, kati ya saa mbili na saa nne asubuhi." Chini ya maelezo hayo, Mchoraji: Swafia Mbwana. Hupitisha kidole hapo kila nikikifungua. Nilikwisha kulipitishia hata kidole cha maji mara moja kwa kusahau, nikinawa. Halikutoka.

Raba ya Swafia ingali mfukoni mwa dera langu, na asubuhi nikienda sokoni Masha hunyanyua mkasi, huutia hewani kwanza, huuliza mbele ya wateja wote:

"Bi Mwanarusi, leo wa kula au wa kuchora?"